Foleni ya Kuaga kwa Mwendo wa Pole

Muulize mpiga video yeyote wa Dar es Salaam au Moshi ni wapi kazi ya msibani huwa ngumu, hatakutajia makaburini. Atakutajia foleni ya kuaga. Jeneza limefunguliwa, kwaya inaimba, mwongoza ratiba anawahimiza watu wasisimame, wapitie upande huu watokee upande ule, na wewe umeshika kamera mbele ya nyuso ambazo hujui zitafanya nini sekunde inayofuata. Mmoja anapita amekaza macho mbele. Anayemfuata alikuwa nje anaongea na simu muda si mrefu. Anafika, anachungulia, miguu inamwisha nguvu. Mtoto ananyanyuliwa ili aone, naye anamwangalia mama yake badala ya kumwangalia marehemu. Yote hayo yanapita upesi. Baadaye unakaa kuhariri, unachukua kipande cha huyu na kipande cha yule, unaweka pambio juu yake, na foleni ya saa nzima inakuwa dakika nne.

Kazi hiyo niliifanya nyumbani kwa miaka mingi kabla ya kuhamia London, na hata huku naendelea nayo, maana popote walipo watu wetu kuna harusi na kuna misiba. Aliyenifanya niiangalie foleni ile kwa jicho jingine ni Bill Viola, msanii wa video kutoka Marekani, aliyezaliwa New York mwaka 1951. Alifariki Julai 2024 akiwa na miaka 73, baada ya kuugua Alzheimer, ugonjwa wa kupoteza kumbukumbu, na habari zilipotoka nilihuzunika kama mtu aliyefiwa na mwalimu wake, ingawa hatukuwahi kuonana.

Viola alianza kushika video wakati teknolojia yenyewe ni changa, akiwa mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Syracuse mwanzoni mwa miaka ya 1970. Badala ya kuishia kuijaribu mashine, aliipeleka kwenye mambo ambayo watu huyapeleka kanisani, msikitini au kwa wazee wa ukoo: kuzaliwa, kulia, kufa, na kinachofuata baada ya hapo. Mkewe, Kira Perov, alifanya naye kazi tangu mwishoni mwa miaka hiyo hadi mwisho, na si haki kumtaja mmoja bila mwingine.

Kazi yake ya kwanza kuiona nilionyeshwa na rafiki kwenye kompyuta. Inaitwa Observance, ya mwaka 2002. Skrini imesimama wima, kama watu wanavyoshika simu siku hizi, na ndani yake kuna watu waliojipanga msururu mwembamba wakija mbele. Anayefika anaangalia kitu kilicho chini kidogo ya ukingo wa picha, kitu ambacho wewe mtazamaji huonyeshwi. Anakiangalia. Uso unabadilika. Halafu anageuka kumpisha aliye nyuma yake, na wakipishana unaona mikono ikitafutana. Hakuna sauti hata kidogo, na mambo yanakwenda polepole mno, kwa dakika kama kumi. Rafiki yangu, Mwingereza, akaniuliza nadhani wanaangalia nini. Sikuhitaji kufikiri. Nikamwambia hao wanaaga mwili.

Viola aliitengeneza katika kipindi kilichofuata mashambulizi ya Septemba 11, 2001. Hakuweka jeneza, hakuweka picha ya marehemu, hakuweka jina la mtu wala la mahali. Kwa hiyo Mmarekani akiiangalia anaona msiba wake, nami mtu wa Marangu, Kilimanjaro, naona wa kwetu, hadi ile namna ya kusita hatua mbili kabla ya kufika, ambayo nimeirekodi mara nyingi mno na sikuwahi kuiacha ikaonekana kwenye video iliyokamilika.

Kama fundi, kilichonishika zaidi ni ule mwendo. Kila mhariri ana kitufe cha kupunguza kasi, na sisi wa harusi tunakitumia sana: bibi harusi anageuka, shela inapepea, maua yanarushwa. Lakini ukichukua picha zilizorekodiwa kwa kasi ya kawaida, fremu 25 (yaani picha moja moja zinazounda video) kwa sekunde, kisha ukazivuta, kompyuta inalazimika kurudia fremu zilizopo au kubuni ambazo hazikuwepo. Viola alikuwa anakusanya wakati mapema, wakati wa kupiga. Mwaka 1995, kwa ajili ya kazi iitwayo The Greeting aliyoipeleka kwenye maonyesho ya Biennale ya Venice, alitumia kamera ya filamu ya milimita 35 yenye uwezo wa kupiga fremu 300 kwa sekunde. Wanawake wawili wanaongea, wa tatu anawafikia, wanasalimiana. Tukio lenyewe lilichukua sekunde 45 hivi. Kwenye skrini linachukua karibu dakika kumi. Piga hesabu: fremu 300 zikionyeshwa kwa mwendo wa fremu 25, sekunde moja inakuwa sekunde 12, na hakuna fremu hata moja ya kubuni. Kila moja ilikuwepo, mwanga uliigusa.

Ndani ya sekunde hizo 12 kuna mambo ambayo nilikuwa nayarekodi bila kuyaona. Viola ana kazi nyingine ya mwaka 2000, The Quintet of the Astonished, aliyoifanya kwa ajili ya National Gallery ya hapa London baada ya kutazama mchoro wa Hieronymus Bosch, mchoraji wa kale wa Uholanzi, unaoonyesha Yesu akidhihakiwa. Watu watano, wanaume wanne na mwanamke mmoja, wamesimama wamebanana, na kila mmoja anapitia hisia zake bila kumtazama mwenzake. Kilichokuwa kama dakika moja mbele ya kamera kimekuwa dakika kama 15. Chagua uso mmoja ubaki nao. Utaona kwamba kilio hakianzii machoni. Kinaanzia tayani, kinapanda, kinafika mahali ambapo uso haujaamua kama utacheka au utalia, na hapo unakaa. Kwa macho ya kawaida mahali hapo hapapo kabisa. Aliyewahi kukaa matangani anapajua: mtu anasimulia vituko vya marehemu, watu wanaangua kicheko, na katikati ya kicheko sauti ya mmoja inavunjika. Tulikuwa tunapaita hapo "picha mbaya", kwa sababu uso haujakaa sawa, na tunaikata.

Mwishoni mwa 2018 baba yangu alifariki, kwetu Marangu. Hati zangu za ukaazi zilikuwa bado zinashughulikiwa, na kama ningetoka Uingereza nisingeruhusiwa kurudi. Nikamzika kwa simu. Mpwa wangu alisimama kule kihambani, shamba la ukoo wetu, ameinyanyua simu, mtandao ukikatika namwona mchungaji ameganda mdomo wazi, ukirudi nasikia wimbo umeshafika ubeti mwingine. Ilipofika zamu ya familia kuaga, mpwa wangu aliishusha simu kwa heshima, na nilichoona ni viatu na vumbi.

Wiki kadhaa baadaye nikaletewa flashi yenye video rasmi ya msiba. Aliyeitengeneza ni fundi wa kule, na alifanya kama kazi yetu inavyofanywa: mshumaa wa kuchorwa unawaka pembeni, waridi zinashuka, miaka ya kuzaliwa na kufa imeandikwa kwa dhahabu, na foleni ya kuaga imekatwa kufuata mapigo ya wimbo. Mama anaonekana kwa sekunde tatu. Nikarudisha nyuma, nikarudisha tena. Nilitaka kujua alifanya nini aliposimama pale. Alikaa kwa muda gani? Nani alimshika mkono? Aliondoka mwenyewe au aliondolewa? Mtu mwingine alikuwa ameshaniamulia kwamba sekunde tatu zinatosha, na zile zilizobaki hazipo tena popote, kwa sababu alishafuta alichorekodi ili apate nafasi ya harusi ya Jumamosi. Niliumia, na bado naumia.

Katika hali hiyo ndipo nilipokwenda Royal Academy, jumba la sanaa la hapa London, mwanzoni mwa 2019. Walikuwa wameziweka kazi za Viola pamoja na michoro ya Michelangelo, na magazeti yalibishana sana kama inafaa kuwalinganisha wawili hao. Ubishi huo haukunihusu. Nilifuata kazi moja, Nantes Triptych ya mwaka 1992, ambayo ilitengenezwa kwanza kwa ajili ya kanisa dogo la karne ya 17 huko Nantes, Ufaransa. Ni paneli tatu, kwa mfano wa zile picha za altareni za Ulaya. Kushoto mwanamke anajifungua. Katikati mtu mwenye nguo zake anaelea majini gizani. Kulia mwanamke mzee yuko kitandani, anakata roho.

Huyo mzee ni mama yake Viola. Alikuwa hajitambui, na mwanawe alikaa pembeni yake na kamera. Alifariki 1991.

Paneli zote tatu zinakwenda kwa pamoja, karibu nusu saa, na sauti zake zinaingiliana: uchungu wa uzazi, maji, pumzi. Huwezi kuziangalia zote. Macho yakiwa kushoto, sikio linabaki kulia. Nilikuwa nimejiandaa kuumizwa na paneli ya kulia, lakini kilichonishinda ni pumzi. Mama anayejifungua anahema, anapumzika, anahema. Yule wa kitandani anavuta, anakaa, anavuta. Nilipofumba macho ikafika wakati sikuweza kutofautisha ipi ni ya nani. Mtu wa katikati naye yupo tu, anazama, anapanda, hana pa kushika. Viola mwenyewe aliwahi kuwa mtu huyo: akiwa na miaka sita alitumbukia ziwani akazama hadi chini, mjomba wake akamwopoa, na alisimulia maisha yake yote kwamba kule chini hakuona hofu, aliona ulimwengu mzuri kuliko wowote. Ukishalijua hilo, unaelewa kwa nini maji hayaishi katika kazi zake, na kwa nini hayatishi hata pale yanapoua.

Karibu yangu alikaa mzee wa Kizungu, koti mapajani. Tuliangalia mzunguko mzima bila kusemeshana, na picha zilipoanza upya hakuna aliyenyanyuka. Nilimlilia baba mle ndani. Simu na ile flashi havikuwa vimenipa nafasi hiyo. Vyote viwili vilikuwa na haraka.

Wapo walioniambia kwamba kumrekodi mama yako akifa ni kumvunjia heshima, na sitaki kuwapuuza. Pwani maiti husitiriwa, kamera haiingii anapooshwa, na nadhani hilo ni jambo jema kabisa. Hata kwetu bara, ambako jeneza hufunguliwa, kuna wazee wanaogeuza uso wakiona simu zimenyanyuliwa juu ya marehemu. Swali ninalojiuliza ni kamera iko mikononi mwa nani, na imekaa kwa muda gani. Viola alikuwa mtoto wake wa kumzaa, alikaa pale kama mtoto anavyokaa na mgonjwa, na alichokionyesha ulimwengu hakina tukio la kushtua; kina kukaa tu. Anayepenyeza simu kati ya mabega ya watu, akapiga picha ya sekunde mbili na kuituma kwenye makundi ya WhatsApp kabla ndugu walio mbali hawajaarifiwa, huyo ndiye ninayemwona amevunja heshima. Mimi siku hizi sirekodi sura ya marehemu kabisa. Observance ilinionyesha kwamba haihitajiki. Kila kitu kiko kwenye sura za wanaomwangalia.

Kuna kazi nyingine ambayo sikuiona ilipokuwa, kwa sababu sikufika Venice mwaka 2007, lakini naifikiria kuliko zote. Aliiita Ocean Without a Shore, akaiweka ndani ya kanisa dogo la San Gallo, juu ya altare tatu za mawe. Kwenye skrini, mtu anatokea mbali gizani, kijivu, picha ina chengachenga kama ya kamera za zamani za ulinzi. Anasogea. Akifika mbele anapenya pazia jembamba la maji ambalo hukuliona hadi alipoligusa, maji yanamrukia kila upande, na papo hapo anakuwa wa rangi, ngozi, kope, matone, wazi kabisa. Anakuangalia. Kisha anageuka, anarudi kupitia maji yale yale, anafifia. Jina la kazi alilitoa kwa Ibn Arabi, bwana wa tasawufi, ile njia ya kiroho ya Masufi wa Kiislamu, na moyo wake aliutoa kwa Birago Diop, mshairi wa Senegali, aliyeandika kwamba wafu hawakuondoka, wamo katika moto, katika maji, katika upepo.

Niliposoma hilo nilitulia kidogo. Bibi yangu alikuwa Mlutheri wa kweli, hakosi ibada, na kabla ya kunywa mbege, pombe yetu ya ndizi, alimwaga kidogo chini kwa ajili ya waliotangulia, akawataja kwa majina. Hakuona mgongano wowote. Kumbe wazo lililotoka Afrika Magharibi ndilo lililosimama juu ya altare za Wakatoliki huko Italia, chini ya jina la Sufi, na likaeleweka na kila aliyeingia. Sihitaji mtu anithibitishie kwamba mambo ya bibi yalikuwa na maana, lakini nilifurahi mno.

Ukiwa London, iko kazi ya Viola unayoweza kwenda kuiona. Ndani ya kanisa kuu la St Paul's, upande wa kusini wa altare kuu, kuna skrini nne za wima zilizowekwa Mei 2014. Inaitwa Martyrs. Mtu mmoja amefukiwa na udongo, na udongo unaanza kupaa juu ukimwacha huru. Mwanamke amefungwa kamba mikononi na miguuni, upepo unamtikisa. Mwanaume mweusi ameketi kwenye kiti huku moto unaongezeka kumzunguka. Wa nne amening'inizwa miguu juu, maji yanammiminikia. Hakuna anayepiga kelele. Yote yanachukua dakika saba hivi. Nimekwenda mara nyingi, na mara nyingi nimeona watalii wakisimama, wakipiga picha ya simu na kuondoka kabla moto haujashika vizuri. Ushauri wangu ni huu tu: kaa mzunguko wa kwanza uone matukio, kaa wa pili uangalie uso mmoja. Mimi huchagua yule wa kwenye kiti. Kuna wakati moto unamfunika, ukijua ni mwigizaji na ukijua ni ufundi, na bado moyo unakushuka kwa sababu yeye mwenyewe ametulia.

Kazi yangu imebadilika kwa mambo machache yanayoonekana. Naweka kamera mbili msibani. Moja naishika, inazunguka kama zamani. Ya pili naiweka juu ya stendi, nyuma ya kichwa cha jeneza na kando kidogo, kwa kimo cha macho, naikaza, na siigusi tena hadi foleni iishe. Naipiga fremu 100 kwa sekunde mwanga ukiruhusu; makanisa mengi ya huku yana giza, kwa hiyo mara nyingine naishia 50. Sauti naiacha ilivyo, na kile kikohozi, na mtoto anayeuliza swali. Familia inapewa video fupi yenye wimbo, kwa sababu watu wanaitaka na wana haki nayo, na inapewa foleni nzima bila kukatwa.

Mama mmoja wa Kikenya anayeishi mji wa Reading, aliyefiwa na mumewe, alinipigia baada ya kupata vyote viwili. Ile fupi watoto wake walishaisambaza kwa ndugu Kisumu na Nairobi. Ile ndefu alikuwa ameiangalia peke yake. Aliniambia kwamba siku ile hakumwona mtu hata mmoja, aliambiwa tu baadaye nani alikuja. "Sasa nimewaona," akasema. "Shemeji yangu nilidhani hakulia." Akanyamaza, kisha akaniuliza kama naweza kumtolea nakala ya pili, amtumie huyo shemeji.

Mwaka jana hati zangu zilikamilika, nikaenda nyumbani. Nilimweleza mama kuhusu Viola, nikamwonyesha kwenye simu vipande nilivyoona anaweza kuvitazama, ikiwamo foleni ya Observance. Aliiangalia yote. Nikajikaza nikamuuliza lile ambalo lilikuwa limenikaa kooni: siku yake ikikaribia, Mungu akipenda nikawepo, angeniruhusu nikae naye na kamera kama yule alivyokaa na mama yake?

"Hapana, mwanangu," akasema, wala hakukasirika. "Nikiwa mgonjwa uje na mikono mitupu unishike. Kama unataka kunirekodi nirekodi sasa, nina meno."

Kwa hiyo Desemba nakwenda na kamera na lenzi mbili. Tumekubaliana jikoni, asubuhi, mwanga ukiingia kwa dirisha la upande wa mgomba, yeye akichambua maharage na mimi nisiseme kitu. Ameshaniuliza mara mbili kwenye simu kama avae gauni la kanisani au khanga, na ameniagiza nisije na yale maua yanayoshuka.